Kifaa Chenu Kinarudisha Siku, Hakirudishi Tarehe

Ndugu Meneja wa Malalamiko,
Kiwanda cha Virudishawakati.

Poleni na kazi. Mimi ni fundi cherehani, mwaka wa ishirini na sita sasa, kwenye kibaraza cha nyumba yangu mwenyewe. Nilinunua kile kifaa chenu cha mkononi, cheusi, ukubwa wa kipande cha sabuni, chenye vitufe viwili: kimoja cha kurudisha siku, kingine cha kubadili mambo yalivyo. Sikukinunua kwa anasa. Binti yangu wa pekee anaolewa Jumamosi ya wiki ijayo, na nilimwahidi mbele ya mama yake na shangazi zake wote kwamba gauni lake nitalishona mimi, si fundi mwingine. Kitambaa kimekaa rafuni miezi mitano. Leo Alhamisi zimebaki siku tisa. Nikaona niirudie Alhamisi hii mara kadhaa, nipunguze kazi za watu, kisha nishike gauni kwa utulivu.

Kwa heshima na masikitiko, nalalamika hivi:

1. Kifaa kinafanya kazi kupita kiasi. Kila asubuhi nakibonyeza mara moja, kama karatasi yenu inavyoelekeza, na Alhamisi inarudi vilevile. Anaingia mwalimu mkuu kuulizia suruali yake. Namwambia imebaki vifungo tu, aje kesho. Nyuma yake muuguzi na sare yake. Namwambia bado pindo, aje kesho. Kisha mama mkwe, ambaye haulizi kitu, anakaa kwenye benchi na kunitazama. Nimerudia mara tisa, na mara zote ni sura zilezile, maswali yaleyale, na majibu yangu yaleyale. Kama huo si ushahidi kwamba siku inarudi, basi sijui ushahidi ni nini.

2. Hata hivyo, hakirudishi tarehe. Redio inazidi kwenda mbele, na kalenda yetu ya ukutani inachanwa karatasi kila kukicha. Siku nimeirudisha mimi, tarehe mmeiacha nyinyi. Hiyo ni kazi nusunusu, na kazi nusunusu naijua nikiiona.

3. Ndevu zangu nazo hazirudi nyuma, zinaota tu.

4. Kitufe cha pili ni kibovu. Suruali ya mwalimu mkuu niliikata fupi, sikatai. Alhamisi ya nne, alipoijaribu, niliielekezea kifaa nikabonyeza mpaka kidole kikafa ganzi. Haikurefuka. Ikanibidi nimweleze kwamba aliyerefuka ni yeye. Mtu wa miaka hamsini na minane! Aliondoka akijipima na mlango. Aibu ile ni yenu.

5. Wateja wanarudi na kumbukumbu zao. Muuguzi ananiambia, "Fundi, si jana ulisema kesho?" Sasa hiyo jana kaipata wapi, na Alhamisi ni hii hii moja? Ameanza kuniita Bwana Kesho, na mtaa mzima umelidaka jina.

6. Ndani ya nyumba yangu kifaa hakifiki kabisa. Mke wangu anaendelea na siku zake: kaosha vyombo vya wageni, kapokea mashangazi na mabegi yao. Binti haulizi tena habari za gauni. Zamani aliuliza kila aliponiletea chai. Hili linaniuma kuliko yote, Meneja. Mtoto akiacha kukuuliza, ujue ameshakata tamaa nawe.

Kwa hiyo naomba mnipe kifaa chenye nguvu ya kushika nyumba nzima, kalenda ikiwemo. Pia muwaandikie wateja wangu barua yenye muhuri kwamba ucheleweshaji unatoka kiwandani. Na kama hayo ni mazito, ongezeni siku moja kati ya Alhamisi na Ijumaa, iwe ya mafundi cherehani peke yao, wateja wasiijue. Nyinyi mnaotengeneza wakati, siku moja haiwezi kuwashinda.

Nisalimieni wafanyakazi wote, mlinzi wa getini, na hasa fundi aliyekiunda kifaa. Mwambieni kwamba mimi, fundi mwenzake, sina kinyongo. Haraka haraka haina baraka.

Wenu anayesubiri,
Fundi cherehani, nyumba yenye benchi la bluu.

Baada ya kusaini: Mke wangu ameisoma barua hii akiwa tayari amevaa. Anasema kifaa hakijawahi kutiwa betri. Zilizokuja nacho alizitia kwenye saa ya sebuleni siku ileile. Alhamisi ilikuwa moja tu. Leo ni Jumamosi yenyewe, na gari linapiga honi mlangoni. Binti ametoka na gauni la fundi wa mtaa wa pili. Kitambaa alikichukua rafuni mwezi uliopita, na sikuona pengo. Yule fundi alimwambia aje Jumanne, akaenda Jumanne, akalikuta tayari. Sikujua jambo hilo linawezekana. Nimekagua mishono yote nikakosa pa kulaumu, nikalia mbele ya mashangazi. Basi yafuteni malalamiko yote sita. Nikishamsindikiza mwanangu nitanunua betri, niirudishe siku moja tu, ile aliyoniletea kitambaa. Nitaanza kukata siku hiyohiyo, au, nikichelewa sana, kesho yake.