Kamati Iliyowakataa Waliopatana

Umma ulitaarifiwa kwamba kuanzia Jumatatu ile, ugomvi wa ndugu kuhusu fidia ya viwanja ulikuwa umekwisha rasmi. Tangazo lilibandikwa Mtaa wa Msimbazi, likafunika la mganga wa mapenzi, na chini yake palikuwa na saini pana ya Bwana Hillary, mwenyekiti wa Kamati ya Muda ya Kusuluhisha Migogoro Binafsi ya Fidia. Kamati hiyo ya muda ilikuwa na miaka saba.

Kazi yenyewe ilikuwa nyeti. Serikali ikichukua kiwanja, hailipi mpaka kamati ithibitishe kwamba wenye haki hawagombani. Waliogombana husuluhishwa na Hillary, pole pole, kwa vikao, na kila kikao kina posho yake. Hillary alipenda sana amani, ila si ya haraka haraka.

Ndipo wakaingia Badria na mdogo wake Zahoro. Nyumba ya marehemu baba yao kule Magomeni ilikuwa imevunjwa kupisha barabara, nao walikuwa wamebanana na mama yao mgonjwa katika chumba kimoja cha kupanga.

"Shikamoo, mwenyekiti."

"Marahaba. Nani anamlalamikia nani?"

"Hakuna," alisema Badria. "Tumeshapatana. Tunanunua kibanda Mbagala, mama apate chumba chake."

Hillary alivua miwani. Kwa miaka saba hakuwahi kukutana na utovu wa nidhamu wa namna hii.

"Mmepatana kwa kibali cha nani?"

"Cha mama."

Karani wake, Paskalina, alifunua faili. "Fomu ina mlalamikaji na mlalamikiwa, bosi. Pa waliopatana hamna."

"Mmesikia? Siwezi kufunga mgogoro ambao haujafunguliwa. Kagombaneni, mrudi Alhamisi. Kwa ustaarabu lakini."

Wakajaribu palepale.

"Zahoro, wewe mchoyo," Badria alisema huku akitazama dari.

"Na wewe... mboga unazidisha chumvi."

Wakatazamana, wakaangua kicheko.

"Chumvi si suala la ardhi," alisema Hillary. Lakini kicheko kile kilimchoma. Yeye na kaka yake walikuwa hawajasalimiana tangu msiba wa baba yao. Akaizima haraka fikra hiyo kwa kugonga muhuri wa IMEAHIRISHWA.

Alhamisi walirudi na fomu iliyojazwa kila mstari. Walalamikaji: Badria na Zahoro. Mlalamikiwa: Bwana Hillary, mwenyekiti. Madai: kukalia fidia ya watu.

Hillary alicheka mpaka tumbo likatikisika. Paskalina hakucheka. Alikuwa mtu pekee ofisini aliyewahi kusoma mwongozo wa kamati.

"Samahani, bosi. Kanuni ya tisa. Walio upande mmoja wa shauri wanahesabiwa hawana mgogoro baina yao, walipwe ndani ya wiki mbili. Na mlalamikiwa haketi kitini, wala hapokei posho, mpaka walalamikaji wote wasaini kwamba wamepatana naye."

"Nani alitunga upuuzi huu?"

"Wewe, bosi. Kwenye ile semina ya Morogoro."

Ndugu wale wakalipwa, mama akahamia Mbagala. Wiki ya sita bila posho, Hillary alitia fomu kwapani akaenda kwa miguu hadi soko la Mchikichini, Badria alikouza viatu vya mtumba. Zahoro alikuwa pembeni akisugua raba kwa mswaki.

"Bi Badria, tafadhali, tuyamalize. Ni saini mbili tu."

"Hatuna kinyongo, baba. Lete kalamu."

"Subiri kwanza," Zahoro alidakia. "Dada anataka asaini mkubwa kwanza. Mimi nasema aanze mwanaume."

"Nilikubeba mgongoni mimi, leo unitangulie?"

"Lakini si muelewane tu!" Hillary alikuwa karibu kulia.

"Tungeelewana," alisema Badria kwa upole, "ila huu ni mgogoro binafsi, na unahusu fidia. Sisi tutausuluhisha kwa mamlaka gani? Lazima ufike kwenye kamati."

"Kamati haina mwenyekiti!"

"Basi tutasubiri ateuliwe," alisema Badria, akamgeukia mteja. "Karibu, kaka. Unavaa namba ngapi?"