Shangazi Dorka Akataa Kukohoa

Jumatatu, 9 Juni

Kwa huzuni kuu, na kwa kuyakubali mapenzi ya produsa, natangaza kifo cha Shangazi Dorka, jirani mpendwa katika tamthilia yetu ya televisheni, aliyeingia kila nyumba bila kubisha, akiuliza, "Chai iko?" Ameacha leso mbili, kikombe kimoja na mimi, Peres, niliyekuwa nikimwigiza.

Kimanzi, mwongozaji wetu, ndiye aliyenipigia simu. Eti nitakufa kwa kikohozi. Kikohozi! Nimekuwa yaya, muuguzi, mama mkwe, shahidi wa pili kortini. Maisha yangu yote ya sanaa nimesimama nyuma ya bega la mtu. Halafu nife kwa kikohozi.

Akaomba nije na nguo ya kuzikiwa. Najua kwetu kila mwigizaji huja na nguo zake. Lakini jamani, hata marehemu?

Jumanne, 10 Juni

Nimezikwa. Mutuini, katika shamba la mtu, baridi mpaka mifupani. Sisi hurekodi kwa kufuata mahali, si hadithi: leo kaburi, keshokutwa ndiyo nianze kuugua.

Veronicah, nyota wetu, anayeigiza mpwa wangu, alinililia juu ya jeneza mpaka wanja wake ukanidondokea kwenye gauni la Pasaka. Kamera ilipozimwa akainama akaninong'oneza, "Auntie Peres, hapo umeweza. Usiamke." Wachimba kaburi wakacheka.

Nikiwa mle ndani, wazo likanijia. Mtu ambaye hajaugua watamzika vipi?

Jumatano, 11 Juni

Mapumziko. Nimekunywa tangawizi na asali siku nzima. Kifua kama cha mwanariadha.

Mume wangu Shem akaniuliza kama nimesoma kurasa zote za wiki. Zimepangwa kwa siku za kurekodi, kaburi likiwa mwanzo. Nikamjibu nimesoma mpaka kaburini, na baada ya kaburi mtu husoma nini? Akasema, "Mama Ryan, wewe kohoa tu. Kazi ni kazi." Mwanamume huyu hajawahi kuielewa sanaa. Zile kurasa nyingine nimefunikia maziwa.

Alhamisi, 12 Juni

Mountain View, jikoni kwa mpwa wangu. Nilitakiwa niingie nikijikokota, nimeshika kifua. Niliingia nikiimba. Nikainua mtungi wa gesi kwa mkono mmoja, nikauhamisha, nikaurudisha.

Kimanzi akasimamisha kamera. Akaniuliza kwa upole, "Mama, kikohozi kiko wapi?" Nikamjibu Dorka amepata nafuu. Tukarudia. Safari hii nikapiga chafya moja, kwa heshima yake. Akasema chafya haijawahi kuzika mtu.

Mwenye nyumba tuliyoazima kurekodia alishaanza kudai jiko lake apike. Kimanzi akamvuta mwandishi wa tamthilia kando, wakanong'onezana wakinitazama. Nimeshinda. Hayo mazishi watayatupa.

Ijumaa, 13 Juni

Kwenye grupu ya waigizaji nimeandika kwamba Shangazi Dorka ameondoka kwa heshima, kwa uamuzi wangu binafsi. Hapa niseme ukweli.

Mazishi hayakutupwa. Yalikwisha kurekodiwa, tena vizuri. Kwa hiyo Dorka, akiwa na afya yake yote, amegongwa na bodaboda. Hata bodaboda yenyewe haikuonekana. Veronicah alipokea habari kwa simu, akaangukia kochi, na kamera ikamsogelea taratibu.

Baadaye Kimanzi akanipa ukurasa uliokuwa urekodiwe leo. Hospitali. Dorka kitandani anawatoa watu wote nje, kisha anazungumza peke yake, ukurasa mzima, hakuna bega la mtu mbele yake. Mwandishi akaniambia aliuandika kwa ajili yangu, maana aliona aibu kwamba mtu kama mimi nimekuwa nikiuliza chai tu. Ila bila kikohozi, akasema, hakuna hospitali.

Niliusoma chooni, mlango umefungwa. Nilikohoa vizuri mno. Nikalia. Hakuna aliyerekodi.

Lakini Kimanzi anataka picha ya marehemu ya kutundikwa sebuleni, nyuma ya kochi la Veronicah. Nimempelekea ile niliyopigwa studio ya River Road, fremu ya dhahabu. Nimeipima: kichwa changu ni kikubwa kuliko chake. Tuone nani atamtazama tena akilia.

Kurasa za wiki ijayo zimefika. Sijazisoma. Picha haina maneno ya kusema.