Mashtaka juu ya Upole Uliomwondoa Mkwe Wangu

Ndugu Mhariri,

Mimi ni Theresia, mke wa Mughwai, wa kijiji cha ujamaa kilicho njia ya kwenda Mgori. Shule sikusoma. Herufi hizi nimezipata uzeeni, darasa la watu wazima, ndani ya ghala la mtama, na ukiona nyingine zimelala ujue zimechoka kama mwenyewe. Pokea kwanza salamu, kisha upokee mashtaka. Namshtaki Mwalimu Antipasi pamoja na adabu yake.

1. Mwalimu alitufundisha kwamba kitenzi kina hali nyingi: ya kuamuru, ya kuomba, ya kutamani kisichokuwapo. Mimi nilikuwa na moja. Lete. Saga. Kula. Lala. Kwa hiyo moja nimelea watoto saba, nikawaoza, nikahamia kijijini na mbuzi wangu wote asipotee hata mmoja. Mwalimu akasema hiyo ni hali ya askari. Darasa zima likanigeukia. Akatupa kazi: kila mmoja aende nyumbani akamwombe mtu wake kitu, kwa upole.

2. Nyumbani nina mkwe, Febronia, mke wa mwanangu Gabrieli aliyeko kazi ya reli Itigi. Kwao ni Kintinku. Alipokuja hakujua Kinyaturu, mimi sikujua Kigogo, tukaelewana miaka tisa kwa lete na saga. Sasa asubuhi ile tuko kwenye mawe ya kusagia, nikasafisha koo, nikasema kama nilivyofundishwa: "Febronia mwanangu, naomba uniletee maji, kama ungependa."

Mhariri, yule binti aliacha jiwe. Akaleta maji, machozi yanamtoka. Kisha akafunga kanga zake, akabeba mtoto mgongoni, akasema anakwenda kwa mama yake, akapanda basi.

Jirani yangu Dorkas aliyaona yote. "Mama Gabrieli," akaniambia, "umemfukuza. Anayeombwa hivyo ni mgeni, na mgeni huondoka."

Ni kweli. Kwetu mtu wa ndani huambiwa tu. Maneno naomba na kama ungependa huwekewa mgeni, pamoja na kile kiti kizuri. Nami baada ya miaka tisa nimemkalisha mwanangu kwenye kiti cha mgeni. Leo ni wiki ya tatu jiwe lake liko kimya. Huwa naliambia: saga. Halisagi.

3. Ugonjwa umeenea. Zamani mume wangu alikataa waziwazi kukata kuni, tukagombana, yakaisha. Siku hizi ananiambia: ningekuwa na nguvu, mke wangu, ningekata. Utagombana vipi na mtu aliyekwisha kukubali? Mkutano wa shamba la pamoja nao ni hivyo hivyo: tungelima, tungepalilia. Tumelima ekari ishirini kwa midomo, na sijapata kuona shamba lisilo na magugu kama lile.

4. Nilimwendea Mwalimu kumwuliza kama ni Kiswahili peke yake chenye tabia hii. Yeye alisoma kwa mapadri, akasema hata Kilatini kinayo, hata Kiingereza, hata Kinyaturu changu. Nikamwambia cha kwangu asikiguse. Nilipofika nyumbani nikakichunguza. Kumbe ninapomwomba Mungu mvua, simwambii lete hata siku moja. Namwomba kwa upole, sauti ya chini. Basi Mungu naye nimemfanya mgeni miaka yote, na labda ndiyo sababu mvua yake hupita Singida bila kukaa.

Kwa hiyo naiomba Serikali, hapana, naiambia Serikali: maneno ya upole yakusanywe kila nyumba, yafungiwe ghalani pamoja na mtama wa akiba. Mgeni akija, nyumba ipewe mawili, yarudishwe akiondoka. Na Mwalimu Antipasi aende Kintinku kwa miguu akamlete mkwe wangu.

Nisalimie wote hapo gazetini, anayepanga herufi na anayefagia. Mkipita huku, kuku yupo.

Ni mimi niliye kwenye jiwe langu,
Theresia Mughwai

Baada ya sahihi: Basi liliharibika, barua ikachelewa kuondoka. Lilipotengenezwa likaniletea barua ya Febronia. Nimeisoma mwenyewe, kwa kidole, siku mbili. Anasema miaka tisa alidhani kwangu yeye ni mikono tu. Siku niliyomwomba alilia kwa furaha, akaona lazima akamwambie mama yake uso kwa uso. Amechelewa kwa sababu mama yake anamzungusha akasimulie kwa kila jirani. Dorkas nimemwambia anyamaze, kwa hali ya askari.

Mwishoni mkwe wangu ameandika: "Mama, usichote maji. Kaa. Nakuja Alhamisi."

Tangu nizaliwe sijapewa amri nzuri hivyo. Basi, Ndugu Mhariri, naomba usiichape barua hii, kama ungependa. Mimi nimekaa.