Jiwe Lililobaki Hewani Juu ya Kicheche

Mubi, tarehe 9 Machi 1969

Kwa Bwana Mkubwa wa Gari la Sinema, Bukavu

Bwana Mkubwa mheshimiwa,

Ninakuandikia nikiwa na afya njema, isipokuwa mgongo, ambao siuhesabu tena kuwa wangu kwa sababu tangu nifike huku umekuwa mali ya machimbo. Jina langu ni Séraphin Kabera, mtu wa Masisi, mtoto wa wakulima wa maharagi. Hapa Mubi ninasukuma buruweti, yaani toroli, la mchanga wenye mawe ya bati, kutoka shimoni mpaka mtoni panaposafishwa. Shuleni nilifika darasa la nne, halafu baba akaniita nikalime. Ukikuta kosa katika barua hii, ujue ni kosa la maharagi.

Sikuandikii kwa ubaya. Ninakuandikia kwa sababu ofisi yako imeacha jiwe hewani, na jiwe hilo linataka kunivunjia harusi. Niruhusu nieleze kwa namba, kama tulivyofundishwa.

1. Juu ya jiwe lenyewe.

Gari lako lilifika hapa Jumamosi moja jioni, majira ya mvua. Mtu wako Viateur, yule anayezungusha mashine, alitundika shuka nyeupe kwenye ukuta wa magazini, ghala la machimbo, akawasha moteri, nasi tukakaa chini. Safari hii haikuwa sinema ya kutufundisha kunawa mikono. Ilikuwa sinema ya wanyama waliochorwa kwa rangi, wanaotembea na kusema kama watu. Walisema lugha ambayo hakuna aliyeielewa, hata karani wa machimbo, ingawa karani alitikisa kichwa kila walipomaliza sentensi. Haidhuru. Mwizi hahitaji mkalimani.

Kulikuwa na kicheche aliyevaa kofia ndefu nyeusi na kizibao, sharubu zake zimepakwa mafuta. Sisi tulimwita Musyé, yaani Bwana, Kicheche. Mtu wa vilima vyetu anamjua kicheche: anaingia kwa kuku, na asubuhi unaokota manyoya. Lakini huyu alikuwa amesoma. Aliteka kinu cha kijiji kizima, kile kinachosaga kwa nguvu ya maji, na kuku, bata na sungura wakambebea magunia tangu asubuhi mpaka jioni. Naye alikaa kitini akila mayai ya hao kuku mbele ya macho yao. Kila yai alilipasua juu kwa kijiko kidogo, akala polepole, akapangusa sharubu. Bwana Mkubwa, nimekutana na watu wabaya katika kazi hizi, lakini kijiko kile kilitutia uchungu. Mama mmoja alivua kiatu akakitupa kwenye shuka.

Mwishoni bata mdogo, mnyonge, mguu umefungwa kitambaa, alipanda kilima akafungua kamba iliyoshika jiwe la kusagia. Jiwe likaanza kubingirika. Kicheche alikuwa chini anacheka, kijiko mkononi. Kivuli cha jiwe kikafika kwenye viatu vyake. Kikapanda kwenye kizibao. Kikafunika kofia. Jiwe likaruka ukingo wa kilima, likawa hewani, Kicheche akainua macho, na Viateur akazima moteri.

Akasema: "Batu ya Mubi, munisamehe, mvua iko inakuja, bariyeri itafungwa." Unaijua desturi ya barabara yetu: mvua ikinyesha, bariyeri inashushwa, na hakuna kamyo inayopita mpaka udongo ukauke. Basi akakunja shuka, Kicheche akiwa ndani yake mzima, akakimbilia Hombo, kwenye njia ya kurudi Bukavu. Na hiyo mvua yenyewe haikunyesha. Tulibaki tunatazama ukuta wa magazini chini ya nyota.

2. Juu ya kapita.

Kapita wetu, msimamizi wa kazi, anayeitwa Léonard, alikuwa mtu wa kawaida, yaani alipiga kelele asubuhi na kunyamaza wakati wa kula. Siku ya sinema alikaa mbele kabisa, kwenye kiti. Kama angeona jiwe linafika, angerudi nyumbani akiwaza mambo mawili matatu. Lakini yeye aliona nini? Aliona mtu mbaya anakula mayai ya wengine, anacheka, jiwe linakuja, na kabla halijamgusa ofisi inazima moteri. Je, hilo ni somo la kumpa kapita?

Sasa amefuga sharubu. Amepata kijiko kidogo, sijui wapi. Anaketi juu ya sanduku kando ya njia yetu, anakula yai la kuchemsha kijiko kwa kijiko, na sisi tunampita na maburuweti. Mwenzangu mmoja alimtania: "Kapita, angalia juu, jiwe inakuja!" Kapita hakuinua hata kichwa. Akajibu: "Jiwe gani? Viateur alishazima." Tukasukuma maburuweti yetu, kwa sababu alisema kweli.

3. Juu ya waongo.

Kuna kijana anaitwa Faustin, mpakiaji wa kamyo inayokwenda Hombo na kurudi. Huyu alitangaza kwamba kule Hombo alionyeshwa mwisho. Watu wakampa kasiksi, pombe yetu ya ndizi, naye akasema jiwe lilimfanya Kicheche bapa kama mkeka, na kuku wakamtandika mlangoni wapangusie miguu. Tukafurahi. Aliporudi safari nyingine, watu wa upande wa pili wa kambi wakampa kasiksi nzuri zaidi, naye akasema hapana, Kicheche alichimba shimo upesi akaokoka. Safari ya tatu alinyweshwa na watu wote pamoja, akasema Kicheche alimuoa bata.

Siku hiyo ndoo zilirushwa. Kambi imegawanyika mpaka leo: kuna watu wa Jiwe na watu wa Shimo. Kanisani watu wa Jiwe wanakaa kuume na watu wa Shimo kushoto, na katekista anadhani ni uchaji. Wa Bata ni wawili tu, wanasimama nje.

Nilimwita Faustin kando nikamuuliza: "Ndugu yangu, kati ya hizo tatu, njo gani ya kweli?" Akanijibu: "Kaka, kwanza niambie uko na nini ndani ya kibuyu." Bwana Mkubwa, ninasema bila kuficha: mtu anayetunga mwisho wa sinema ambayo hakuiona anastahili kufungwa, na chumba chake kisiwe na dirisha.

4. Juu ya harusi yangu. Hapa ndipo penye shina la malalamiko.

Nilipata konji, likizo ya kazi, nikarudi Masisi kumposa Emérence, binti wa Papa Nzabandora. Mimi na yeye tulikuwa tumeshapatana. Lililobaki ni baba. Nilipeleka mtungi wa kasiksi, wazee wakauzunguka na mirija yao, na mimi kwa kuwa natoka mbali nikaombwa habari. Habari za machimbo ni buruweti, na buruweti halijapata kumposa mtu. Kwa hiyo nikawapa sinema.

Sijisifu, lakini nilisimulia vizuri. Nilivaa sufuria kichwani badala ya kofia ndefu. Nilikula mayai yasiyokuwapo. Mama Athanasie, ambaye Mungu akipenda atakuwa mama mkwe wangu, na mbele yake sipaswi hata kucheka kwa sauti, aliniona nikitikisa mkia wa Kicheche, akasahau adabu zake na zangu, akapiga makofi. Majirani waliacha majembe wakaja kusimama mlangoni. Nikapandisha bata kilimani. Nikafungua kamba. Nikabingirisha jiwe. Nikaliweka hewani. Nikavua sufuria.

Mama Athanasie akasema: "Na kisha?"

Nikawaeleza juu ya bariyeri.

Papa Nzabandora alitoa mrija wake mtungini, akaukung'uta, akaufunga ndani ya kitambaa. Mtungi ulikuwa bado nusu. Akaniambia: "Mutoto, nilisikia hadithi mingi, ya kweli na ya bongo. Lakini muntu wa kupandisha jiwe mbele ya bibi yangu na kuliacha kule juu, sijamuona. Utajengea binti yangu nyumba, ukifika kwa paa useme bariyeri imefungwa?"

Nikamjibu kwa heshima kwamba kosa ni la Viateur.

"Basi huyo Viateur njo aje kuposa," akasema. "Yeye njo anajua mwisho."

Ameamua kwamba harusi itangoja mpaka nilete mwisho wa Kicheche. Na kuna jambo baya zaidi. Yuko mshonaji mwenye mashine yake mwenyewe ambaye naye anamtaka Emérence, na kila suruali anayoianza huyo mtu anaimaliza, jambo ambalo Papa Nzabandora amelitaja mara nyingi kuliko inavyohitajika. Emérence alinisindikiza mpaka mtoni. Hakulia, si mtu wa kulia. Alisema: "Séraphin, kinywa ya kuanza uko nayo. Tafuta ya kumaliza, na utafute mbio, sababu mushonaji alishamupima mama kanzu bila mama kuomba."

5. Mama Athanasie hapati usingizi. Akipita chini ya mti anatazama juu kwanza. Nimelipa jambo hili namba yake kwa sababu aliniagiza.

Kwa hayo yote ninaomba yafuatayo.

Ofisi ituletee mwisho, hata kama ni mfupi. Kama hauwezi kuja, Viateur auandike kwenye karatasi na karatasi ipigwe muhuri mkubwa, kwa maana Papa Nzabandora hasomi, ila muhuri anauheshimu.

Kama kweli jiwe lilimkosa Kicheche, mtuambie bila aibu, kisha ofisi ichore jiwe la pili.

Serikali nayo itoe amri kwamba mvua isitishie kunyesha siku za sinema. Kunyesha tunakuelewa, sisi ni wakulima. Kutishia ndiko kunakotuumiza.

Na la mwisho, ambalo nimelifikiria sana nyuma ya buruweti: katika sinema zote zijazo, mtu mbaya apigwe kwanza. Apigwe pale mwanzoni, kabla ya mawingu kukusanyika. Ubaya wake tutauangalia baadaye, tukiwa tumetulia, na moteri ikizimwa hatutakuwa na deni na mtu. Hata kapita zetu wataadabika mapema.

Unisalimie watu wote wa ofisi, na wake zao, na mlinzi wa lango, na anayewapikia. Viateur naye msalimie, lakini kwa namna hii: umwambie, "Séraphin wa Mubi anakutakia," halafu unyamaze, uondoke.

Ni mimi ninayengoja hapa chini ya jiwe, kwa heshima zote,

Séraphin Kabera
Kambi ya wafanyakazi, Mubi

P.S. Barua hii ilichelewa kuondoka kwa sababu bariyeri ilishushwa, na safari hii mvua ilikuwa ya kweli. Barua ikiwa bado mfukoni mwangu, Papa Nzabandora mwenyewe alitokea kambini kwa miguu, matope mpaka magotini, pamoja na Mama Athanasie, na Emérence nyuma yao amebeba mtungi. Mzee alisema amechoka kulala na mwanamke anayelinda paa. Akaketi, akafungua kitambaa, akachomeka mrija, akasema: "Leo."

Nilifungua kinywa nimwambie kwamba ofisi haijajibu. Ndipo nikamwona Emérence, nyuma ya mgongo wa baba yake. Aliinua ngumi yake juu kabisa, akaishikilia hapo, akanikazia macho kama mtu anayeshika mzigo mzito kwa ajili yako. Kisha akaiangusha juu ya kiganja, pu!

Basi jiwe likaanguka, Bwana Mkubwa. Lilianguka sawasawa juu ya kofia, na kofia ikashuka ikamfunika Kicheche mpaka miguuni, ikambana, akawa mviringo mweusi bila mkono wala mguu. Akabingirika kilima kizima mpaka ndani ya nyumba ya kuku. Kuku, ambao walikuwa hawajawahi kuona yai kubwa kama lile, walifurahi sana, wakaanza kumwatamia kwa zamu. Kila akijaribu kutoka, kuku wa zamu anamgonga kichwani na kumrudisha: bado hujaiva. Na mpaka leo anaatamiwa.

Mama Athanasie alicheka mpaka akalala chini. Watu wa Jiwe walishangilia kwa kuwa jiwe lilipiga, watu wa Shimo kwa kuwa Kicheche yu hai, na wale wawili wa Bata wameingia ndani. Papa Nzabandora alikunywa mpaka mrija ukapiga kelele mtungini, akaniuliza: "Njo vile uliona kwa macho yako?" Nikasema: "Njo vile, Papa." Akasema harusi ni baada ya mavuno ya maharagi, na siku hiyo nitasimama niisimulie tena mbele ya parokia nzima, bila kubadilisha hata unyoya. Kapita Léonard alikuwa nyuma ya ukuta anasikiliza. Siku hizi anakula yai lake ndani, mlango umefungwa, na sharubu hana.

Kwa hiyo ninafuta malalamiko yote kuanzia namba 1 mpaka namba 5. Faustin nimemwomba radhi. Ni kijana mwenye kipaji, na kule Hombo anawaambia watu kwamba habari ya kuatamia aliiona yeye mwenyewe. Ninakusihi mwisho wa kweli usivuke Hombo kamwe. Ikibidi gari lipite huku, Viateur azime pale pale alipozima, hata kama mbingu ni nyeupe, kwa sababu mkwe wangu ameapa kukaa mbele.

Siku ya harusi tungeshukuru sana mkituazima moteri, kwa ajili ya taa. Shuka ibaki Bukavu.