Alama Saba za Tata Mpoyi

Jumatatu, tarehe 5 mwezi wa sita

Mushiya amesema. Mke wangu akisema, hata sufuria zinanyamaza. Hadi Jumapili ya tarehe 18 niwe na kazi ya maana hapa Kolwezi. La sivyo tunahamia Mutshatsha kwa kaka yake, nikachome makaa. Makaa! Mi Mpoyi, fundi wa kuandika vibao miaka ishirini na miwili! Shemeji yangu anakohoa moshi hata akiimba kanisani.

Kosa ni la Louis. Tangu aliponunua mashine ya kuchapa mabango ya plastiki, kila mtu anataka picha ya uso wake juu ya duka lake. Nani tena anamtafuta mwenye burashi?

Wazo limenijia nikila bukari, ugali wetu. Mji huu una njaa ya kila kitu, lakini dini mpya haijawahi kukosa watu. Basi nitaanzisha dini ya kuabudu maandishi. Kila nyumba iwe na alama takatifu ukutani. Na nani ataruhusiwa kuiandika? Mwenye mkono uliochaguliwa. Mkono upi? Aka! Swali gani hilo!

Jumanne, tarehe 6

Alama saba zimeshuka. Zilishuka mezani wakati wa chai: ya kwanza ni uma, ya pili mkia wa paka, ya tatu mpini wa sufuria, na kadhalika. Nimezigeuza kidogo. Kwa watu nasema niliziona katika ndoto.

Rangi iliyobaki nyumbani ni nyekundu tu, nusu kopo. Sawa, dini yetu ni nyekundu.

Muumini wa kwanza: Mama Tatiana, jirani wa mbele, anayekaanga mikate ya mafuta. Aliuliza kama dini hii inakataza kitu. Nikamwambia inakataza plastiki. Akakubali papo hapo, maana hata yeye hampendi Louis. Nimemwandikia alama ya kwanza kando ya mlango, kubwa, yenye kivuli. Nzuri mno! Mkono huu bado uko hai.

Mushiya alitoka, akatazama, akasema wazimu wangu sasa unaonekana hadi barabarani. Akarudi ndani kukunja mablanketi.

Alhamisi, tarehe 8

Ekelekele! Wanamiminika! Jana wawili, leo kumi na tisa. Wote wanataka alama leo, kabla ya jirani. Mzee mmoja aliomba mbili, mbele na nyuma, na ndogo kwenye banda la kuku. Nikiwauliza kama wanaamini, wanajibu kwamba wanaamini sana, tata, andika.

Na imani inazaa matunda! Mtaa mzima wanapanda migomba, msimu huu usio na mvua, katika baridi hii! Wengine wanapiga matofali, wanaongeza vyumba, wanachimba vyoo vipya. Asani, dereva wa lori, alinieleza kwa heshima kwamba yeye ni Mwislamu na sala zake zinamtosha. Lakini rangi ukutani si sala, sivyo? Akaniomba niiandike karibu na chumba anachojenga. Nikaandika.

Wananiletea unga, maharage, jogoo. Mushiya amekunjua blanketi moja.

Jumamosi, tarehe 10

Vita! Louis amechapa alama zangu kwenye plastiki na kuzitundika mlangoni pake. Plastiki! Nikahubiri saa nzima kwamba alama isiyochuruzika rangi haina roho. Watu waliitika amina huku wakipima kuta zao kwa kamba.

Nyumba arobaini na tatu sasa. Ibada ya kwanza ilikuwa furaha tupu, ngoma na vumbi. Mushiya alikuja kutazama tu, alivyosema. Aliimba kuwashinda wote.

Jumatatu, tarehe 12

Mungu wangu.

Saa nne asubuhi walifika watu watatu wa kampuni moja ya mgodi, kofia ngumu vichwani, fulana za manjano. Nikadhani ni mahujaji. Mtaa wote ukatoka kuwapokea kwa wimbo wangu wa alama. Mkubwa wao akauliza nani ameandika kuta hizi. Vidole vyote vikanielekea, kwa upendo kabisa.

Hapo ndipo nilipoelewa. Katika mji huu, kampuni ikitaka ardhi, watu wake wanakuja kuandika alama nyekundu ukutani. Mwenye alama anahesabiwa, analipwa, anahama. Chumba kinahesabiwa, choo kinahesabiwa, mgomba pia. Mi ninajua! Nimezaliwa hapa! Na kwa siku nane haikunijia kichwani hata mara moja!

Majirani walidhani nimetumwa na kampuni kwa siri. Dini waliichukua kuwa ujanja wangu, ili mitaa mingine isishtuke. Walinisifu sana kwa akili hiyo.

Wale wa kofia walicheka hadi mmoja akakaa chini. Wakasema chini ya mtaa wetu hakuna shaba wala kobalti, ni udongo tu, na hakuna atakayehamishwa. Wakaenda zao. Ngoma ikanyamaza. Niliogopa, nakiri.

Shefu wa mtaa, Tata Baudouin, alikata shauri palepale: kesho nisugue kuta zote arobaini na tatu, peke yangu, mbele ya watu.

Jumanne, tarehe 13

Nilisugua. Wametoa viti kunitazama, wamepika chai. Mwanzo walinitukana. Kwenye ukuta wa kumi walianza kucheka. Kwenye wa ishirini nilicheka nami, nikapewa chai. Asani alisema bila upuuzi wangu asingemaliza kile chumba; binti yake Yasmine sasa analala kwake mwenyewe kama malkia. Tulicheka hadi machozi.

Kisha nikafika kwa Mama Tatiana. Akasimama mbele ya ukuta na mwiko wake wa kukaangia. Akasema nisithubutu. Tangu alama iandikwe, hajaunguza mkate hata mmoja. Na wengine wanane wakakataa vilevile! Waumini wa kweli! Nililia, sioni haya kuandika. Nikawaambia ukweli wote, kwamba ile ni uma tu. Mama Tatiana akanijibu kwa huruma kwamba mi ni burashi, na burashi haijui inachoandika.

Alhamisi, tarehe 15

Wamefanya mkutano bila mi. Mama Tatiana ndiye Mama wa Alama. Plastiki imeruhusiwa. Louis ni shemasi! Louis!

Mi nimefukuzwa. Mkono uliofuta alama thelathini na nne ni najisi. Nikitaka kurudi, nijifunze na nifanye mtihani kama kila mtu.

Ijumaa, tarehe 16

Nimeanguka mtihani. Alama ya pili nimeisahau. Nilichora mkia upande wa kushoto, Louis akasema kulia. Nikawakumbusha ni nani aliyeibuni. Wakaandika sufuri.

Mushiya amepata saba juu ya saba.

Jumapili, tarehe 18

Siku yenyewe. Nilifunga mizigo mwenyewe, kimya, nikaaga hata ukuta wa jikoni. Mushiya akarudi toka ibadani na kitambaa chekundu kichwani, akauliza ninakwenda wapi. Nikasema Mutshatsha, kwenye makaa, kama alivyoamuru. Akashangaa. Atawezaje kuhama, yeye kiongozi wa kwaya, na mazoezi ni kesho kutwa? Akaniambia nifungue mizigo. Na kazi ya maana amenipatia: kufagia uwanja wa kanisa la Alama, jogoo mmoja kwa wiki. Tunabaki Kolwezi! Nilimbeba mke wangu, akapiga kelele, jirani wakapiga makofi.

Nimefagia jioni hii hii, kwa moyo mweupe. Nimejifunza mengi. Sitadanganya tena majirani zangu.

Ila fagio lilipopita karibu na mlango, liliacha vumbini mchoro mmoja. Duara, na mistari miwili. Nimeuangalia sana. Ni alama ya nane, na Louis hana habari nayo. Asani yuko Fungurume na lori lake hadi Jumatano, na ukuta wake sasa ni safi kabisa, nimeusugua mwenyewe. Kosa langu lilikuwa rangi tu. Nimeazima kopo la buluu. Buluu haina maana yoyote katika mji huu, nina hakika.