Mama Akipita Dirishani

Jumatatu, 4 Februari 1974, Leeds

Mvua. Umeme umekatika tena. Kituo hiki cha televisheni nimekiongozea kila kitu: vichekesho, polisi, nyimbo za kanisani, mashindano ya mbwa. Wananiita hodari wa yote, maana yake hakuna anayenikumbuka kwa lolote. Leo mkuu wetu, Pickersgill, katangaza kwamba tamthilia kubwa ya mwaka ataiongoza Clive Ormerod au mimi. Ijumaa atatazama kazi moja ya zamani ya kila mmoja. Yangu ni ile ya mjane. Kazi yangu pekee nzuri! Ndani yake marehemu mama yangu anapita dirishani na kikapu cha viazi. Hakuna picha nyingine ya Mama akitembea.

Jumanne, 5 Februari

Ormerod ataonyesha yake ya mchimba makaa. Ni nzuri, alaaniwe. Lakini kanda ni ghali, na hapa kwetu kazi za zamani hufutwa ili kanda zitumike upya. Nimempelekea Doreen wa ghala la kanda keki, nikamnong'oneza kwamba kanda ya mchimba makaa haina mwenyewe tena. Akasema, "Haya mpenzi, nilikuwa natafuta pa kurekodia mbwa wako." Mbwa wangu juu ya Ormerod! Nimelala usingizi wa pono.

Alhamisi, 7 Februari

Nimerekodi mbwa. Mmoja kamkojolea mpiga picha. Sikujali hata kidogo.

Ijumaa, 8 Februari

Nimekwisha. Nimeomba kanda yangu, Doreen kanikodolea macho. Kumbe tamthilia za nusu saa ziliwekwa mbili mbili katika kanda moja. Mchimba makaa mwanzo, mjane wangu nyuma yake. "Si wewe uliyesema haina mwenyewe, mpenzi?" Nimeitazama yote peke yangu. Pale ambapo Mama angepita, kapita kijibwa cheupe chenye utepe shingoni. Nimelia mpaka mfagizi akaniuliza nimefiwa na nani.

Jumamosi, 9 Februari

Ormerod kaja nyumbani na pai ya nyama. Hajui kitu. "Pole, Lionel bwana, tumeibiwa wote wawili." Kumbe mwenzangu alirekodi mazoezi yetu ya zamani ya mjane kwa mashine yake ya nyumbani. Kaniachia mashine na kanda, na Pickersgill kakubali kuitazama Jumatatu. Mama yumo! Anapita mara tatu, anacheka, kiazi kinamponyoka. Sikuweza kula pai.

Jumapili, 10 Februari

Nimeitazama tena. Balaa! Mama anapopita, nyuma yake inasikika sauti ya Ormerod: "Lionel, kwa nini mama yako asipite dirishani?" Basi wazo lilikuwa lake! Pickersgill akilisikia, kazi imekwenda. Nimempigia Doreen simu. Kesho asubuhi atanifutia sauti hiyo tu, basi. Anasema mashine ni ileile aliyofutia kanda ya mbwa, haijawahi kumwangusha. Nitampelekea keki.