Sinema Yangu ya Mbina, Didia

Jumatatu, 6 Agosti 1984
Leo nimekuwa mpiga sinema! Sinema ya maisha ya kweli, si ya kuigiza. Kamera nimeipata kwa fundi mmoja wa Songwa, nimempa redio yangu. Mke wangu Mwasiti kauliza taarifa ya habari sasa tutaisikiliza kwenye kamera? Wanawake! Filamu ninayo moja tu, dakika tatu. Siku hizi sabuni yenyewe haionekani, sembuse filamu. Bwana Donatus, afisa utamaduni, anatafuta mtu wa kuzunguka na gari lake vijijini kupiga sinema. Mwenye sinema nzuri ya ngoma ndiye atapewa kazi. Gari la serikali! Mpinzani ni mmoja, Ignas, yule wa studio ya picha pale stendi. Kasema mimi nitapiga sinema ya kidole gumba changu. Tutaona.

Jumatano, 8 Agosti
Didia. Jumamosi kuna mbina, ngoma ya mashindano baada ya mavuno. Vikundi viwili vya ngoma, Bagika upande huu, Bagalu upande ule, saa ileile, uwanja uleule. Anayevuta watu wengi ndiye mshindi. Aliyeshindwa anachekwa mwaka mzima. Nimemwamkia mzee Mabula, kiongozi wa Bagika, shikamoo mbili kwa mpigo. Nikamwambia sinema yote ni yake. Kafurahi, atamtoa chatu wake mkubwa. Kisha nikapita nyuma ya ghala la pamba mpaka kwa Kalisti wa Bagalu. Nikamwambia sinema yote ni yake. Naye kaapa kurusha jembe alidake kwa meno. Akili ni nywele, kila mtu ana zake. Mimi nina msitu!

Jumamosi, 11 Agosti
Kamera nimeisimamisha katikati kabisa ya uwanja. Miwani ya jua nimevaa. Ngoma zikalia. Mtu mmoja akageuka kunitazama. Wakageuka kumi. Mara uwanja mzima uko kwangu! Bagika wamebaki wanamchezea mbwa. Bagalu hata mbwa hawana. Mabula kaja mbio kufuata watu wake, chatu shingoni. Kalisti naye na jembe lake. Nikasema vizuri, wote wapo, napiga hapahapa. Nikabonyeza. Loo! Wote wakakaza shingo, mikono kwenye mapaja, kimya, kama wako studio kwa Ignas. Nikapiga kelele chezeni, jamani! Mama mmoja, bila kufungua mdomo, kanionya nisiwaharibie picha, wakitikisika itatoka ukungu. Dakika tatu nzima. Hata chatu alitulia. Mwamuzi kahesabu watu, kanitangaza mimi mshindi. Bagika na Bagalu hawajawahi kukubaliana tangu enzi za mababu. Leo wamekubaliana kunifukuza. Nimekimbia na ushindi wangu mpaka barabara kuu.

Ijumaa, 28 Septemba
Filamu imerudi kutoka kusafishwa Dar. Bwana Donatus kaionyesha ukutani ofisini kwake. Haikupita dakika, kainuka kaipiga mashine kofi, eti imekwama. Nikamwambia haijakwama mzee, mtazame yule nzi anavyotembea kwenye paji la Mabula. Ignas kacheka mpaka kaanguka na kiti. Yake ya ngoma ya shule, kaipiga kajificha nyuma ya ukuta, watoto wanaruka kama panzi. Kazi kapewa yeye. Gari pia! Bwana Donatus kanishauri kwa upole, ukitaka watu wawe kama walivyo, nenda kimyakimya, usionekane. Anamfundisha nani? Mimi niliyewashinda Bagika na Bagalu siku moja?

Jumamosi, 29 Septemba
Nimefikiri usiku kucha. Kosa ni la ngoma, si langu. Nakwenda Segese, kwa wachimba dhahabu, wale wanaochimba bila kibali. Filamu nyingine nimeshaipata, kitanda kimekwenda. Mwasiti yuko kisimani, hajajua. Watu wanasema wachimbaji wale ni wa kujificha. Wajifiche mimi Zamoyoni nisiwaone? Kwenye sinema? Nimewaomba polisi wawili wanisindikize, magwanda kamili, filimbi mdomoni, watangulie mbele ya kamera. Ili wachimbaji wakituona tu, wakusanyike upesi.